Watu wa Nyuma

"Hebu rudisha hapo kidogo," mjomba akasema.

Nikarudisha.

"Haya, simamisha."

Kwenye skrini kijiji kinaungua. Askari wa Mjerumani wanawaswaga watu, moshi umetanda juu ya mapaa ya nyasi, mchungaji wa Kiingereza anahangaika kuwazuia. Kidole cha mjomba hakikumwendea mchungaji. Kilimpita, kikatua kwa mmoja wa wale waliokuwa wakiondolewa: mtu mzima, mkavu wa mwili, shingo imekakamaa.

"Huyo nani?"

Nikamwambia hao ni wanakijiji tu mjomba, steringi bado hajarudi.

"Steringi sijamuulizia. Nauliza huyu."

Sikuwa na la kumjibu. Mjomba alishamaliza shughuli zake za malipo ya korosho hapa Lindi mjini na amerudi zake Nyangao, wiki zinapita, na swali lake bado limenikaa kooni.

Filamu yenyewe wengi mnaifahamu: The African Queen ya mwaka 1951, mwongozaji John Huston, Humphrey Bogart na Katharine Hepburn ndani ya boti moja chakavu ya mvuke. Ni Septemba 1914, Afrika Mashariki ya Wajerumani.

Yaani hapa kwetu.

## Mikanda mitatu

Mara ya kwanza niliiona nikiwa mwanafunzi, shule ya misheni, kwenye deki na televisheni ya kichogo iliyowekwa juu ya meza ya jiko la shule. Wanafunzi mia na ushee, kioo kimoja. Bogart tulimwona, Hepburn na kofia yake tulimwona. Waliobaki walikuwa vivuli vya kahawia vinavyokimbia kwenye moshi, kila kivuli kikiwa na ukungu mwekundu pembeni. Niliamini kabisa kwamba ndivyo filamu za kale zilivyokuwa.

Kumbe ukungu ule ulikuwa na sababu yake.

Kamera ya Technicolor ya zama zile iliugawa mwanga kwa kioo cha ndani, ukaandikwa kwa mpigo mmoja kwenye mikanda mitatu ya nyeusi na nyeupe: mmoja ukibeba sehemu nyekundu ya mwanga, wa pili kijani, wa tatu bluu. Rangi zilipatikana baadaye, wakati wa kuchapa nakala, picha za mikanda yote mitatu zilipolazwa moja juu ya nyingine. Sasa mkanda huzeeka. Husinyaa, na mitatu haisinyai sawasawa. Ikishapishana hata kwa unywele, mstari wa uso unakuwa na kivuli chake chekundu au cha kijani, na uso ulio mbali unayeyuka. Sura kubwa ya staa inaweza kuvumilia hasara hiyo. Ya mtu aliyesimama nyuma, ndogo kama ncha ya kidole, haiwezi.

Walipokuja kuikarabati, waliirudia mikanda asilia, wakaiskani kwa kiwango cha 4K, kisha wakailinganisha upya kwa kompyuta. Nakala hiyo ikatoka kwenye Blu-ray mwaka 2010. Ndiyo niliyoiweka sebuleni, kwenye televisheni ya inchi 43 niliyonunua msimu korosho ilipolipa.

Kijana wangu alitaka kuivuta picha ijaze skrini nzima, maana filamu za miaka ile zina umbo linalokaribia mraba na zinaacha weusi kushoto na kulia. Nilimkatalia. Ukiivuta, watu wote wananenepa na mto unakuwa bwawa. Nikazima na ule mpangilio wa televisheni unaolainisha mwendo, unaofanya kila filamu ionekane tamthilia ya saa mbili usiku. Nawasihi nanyi mfanye hivyo kabla ya kuiangalia filamu yoyote ya zamani. Chembechembe zinazocheza kwenye picha si uchafu. Ni filamu yenyewe.

Baada ya hapo nikaketi na mjomba, nikawa namtafsiria Kiingereza huku picha inakwenda.

## Ulanga hauendi ziwani

Kesi ya kwanza aliifungua mapema. Bogart anasema mto wanaouteremka ni Ulanga, na utawafikisha ziwani, kwenye manowari ya Wajerumani.

"Ulanga upi huo?"

Ana haki. Ulanga, au Kilombero kama wengi wanavyouita, unaingia Rufiji, na Rufiji unakwenda baharini. Haujawahi kwenda ziwa lolote. Mwandishi C. S. Forester, aliyeandika riwaya ya filamu hii mwaka 1935, alichukua jina la mto wa upande wetu akaupeleka magharibi, ilipokuwa meli aliyoihitaji.

Maana meli ilikuwepo kweli. Graf von Götzen iliundwa Papenburg, Ujerumani, ikafunguliwa vipande, ikasafirishwa mpaka Dar es Salaam, ikapanda reli kwenda Kigoma na kuunganishwa upya. Waingereza walivuta boti zao mbili kwa nchi kavu kupitia Kongo ili kugombea Ziwa Tanganyika. Mwaka 1916 Wajerumani wenyewe waliizamisha Götzen isitekwe. Mwaka 1924 Waingereza wakaiibua, na tangu 1927 ikaitwa Liemba, jina ambalo watu wa Kigoma hawahitaji kuelezwa.

Na kwenye Rufiji halisi kulikuwa na meli nyingine ya kivita, Königsberg, iliyojificha kwenye delta mpaka ikaangamizwa tarehe 11 Julai 1915. Mizinga yake kumi ikatolewa majini, ikafungwa magurudumu, ikavutwa nchi nzima kwa nguvu za watu. Mjomba hili alilijua. Alilisikia kwa wazee kama habari ya kamba, siyo ya mizinga: kamba ilivyokata mabega.

Hapo ndipo nilipoanza kuiangalia filamu kwa macho mengine.

## Bisibisi

Mwanzoni Charlie Allnut, yaani Bogart, anafika kijijini na boti yake akiwa na wasaidizi Waafrika. Wapo, wanafanya kazi. Vita vikishaingia, hawaonekani tena. Kuanzia hapo boti ina watu wawili tu, yeye na Rose, dada wa mchungaji, na inabaki hivyo mpaka Wajerumani wanawakamata.

Halafu kuna ile sehemu maarufu ya teke. Mashine ya boti inapandisha mvuke kupita kiasi, Allnut anakimbilia kuipiga teke. Rose anamuuliza kwa nini. Anaeleza kwamba mmoja wa vijana wake aliangusha bisibisi ndani ya vali ya usalama. Angeweza kuifungua aitoe, lakini kaishapenda kuipiga teke.

Mjomba alikuwa fundi wa mashine za boti kabla magoti hayajamchosha. Alicheka sana. Akarudia kwa sauti namna vali inavyoziba, bomba linavyoanza kutetemeka, mahali pa kupiga na mahali pa kutogusa kabisa. Kisha akanyamaza kidogo.

"Kwa hiyo yule kijana kabakia kwenye bomba."

Nimeifikiria sana kauli hiyo. Mtu aliyeihudumia ile boti, aliyeikoleza kuni, aliyejua inavyopumua, filamu nzima imemwachia bisibisi iliyodondoka. Hana jina wala neno moja la kusema. Ila bila kosa lake kusingekuwa na teke, na bila teke Bogart angekosa mojawapo ya sehemu zake nzuri kuliko zote. Filamu hii ndiyo iliyompa tuzo ya Oscar, ya pekee maishani mwake.

Sikatai, alistahili.

## Naipenda filamu hii

Lazima niliseme wazi hili, maana kuna usiku nilijaribu kuichukia nikashindwa.

Naipenda. Napenda jinsi watu wawili wenye umri wao, wasio warembo wa mabango, wanavyoanza kuonana. Napenda Hepburn anavyomwaga chupa za pombe mtoni moja baada ya nyingine bila kuinua sauti. Napenda kwamba nusu ya filamu ilipigwa Uganda na Kongo ya Wabelgiji, kwenye joto na homa, wakati wangeweza kubaki studio.

Basi nikawa najiuliza kama namwonea Huston. Yeye alitengeneza hadithi ya mapenzi ndani ya boti. Mtu akikuandalia pweza, humlaumu kwa sababu hakupika ming'oko. Vita vya wapagazi, watu waliobebeshwa mizigo ya majeshi, havikuwa kazi yake. Na bado mkono wangu unarudi kwenye kitufe cha kusimamisha, picha ile ile, mtu yule yule.

Picha safi ilikuwa imenifanyia mambo mawili kwa wakati mmoja. Upande mmoja iliwaumbua mastaa. Katika baadhi ya picha za mtoni unaona kabisa ukingo mwembamba kwenye nywele na mabega yao, kwa sababu waliigiza studio Uingereza na mto wa Afrika ukawekwa nyuma yao baadaye. Kwenye mkanda wa deki siri hiyo ilifichika. Upande wa pili iliwatoa gizani watu wa kijijini. Hao hawana ukingo wowote. Jua linalowapiga ni lao, vumbi la miguuni ni lao.

## Ruba

Kisha ikafika sehemu ya matete.

Boti imekwama kwenye delta. Maji hayaendi. Allnut anateremka, anajitia kamba begani, anaivuta, maji yako kifuani. Anapopanda, mwili umejaa ruba. Rose anampaka chumvi zidondoke. Anatetemeka mwili mzima, anasema hakuna kitu anachokichukia duniani kama ruba. Halafu wote wawili wanayatazama yale maji, kwa sababu wanajua boti haijasogea vya kutosha.

Anarudi majini.

Najua kwamba hapo Bogart alikuwa kwenye tangi la studio Uingereza. Haipunguzi kitu. Kamera inamsubiri. Inakaa na uso wake wakati anapoamua. Katika filamu yenye risasi, moto na mlipuko wa mwisho, pale ndipo penye ushujaa, na ushujaa wenyewe ni kuvuta mzigo kwa kamba ndani ya maji machafu ukiwa mgonjwa.

Mjomba aliinuka kwenye kochi.

"Sasa hiyo ndiyo vita."

Akaanza kunisimulia habari za babu yake mzaa mama, ambazo kwa miaka yote niliyomfahamu hakuwahi kuzieleza kwa urefu. Alikamatwa na Wajerumani akawabebea. Waingereza walipolikamata kundi lake, naye akawabebea Waingereza. Hakuna aliyemwuliza. Mzigo wa kichwani ulibadilisha mwenyewe tu, njia ikabaki ile ile. Alirudi na miguu iliyoliwa na funza, akakuta ghala tupu, kwa sababu jeshi la kwanza lilichukua chakula na la pili likaja kutafuta kilichobaki. Hakujisifu kwamba alipigana. Alisema alibeba.

Niliacha filamu imesimama. Muhogo ulipoa kwenye sahani.

## Njia ya Masasi

Wasomaji wa huku mnaijua njia: Mingoyo, Mtama, Nyangao, Ndanda, Masasi. Leo ni lami, basi linakata upepo. Waingereza waliichukua Lindi Septemba 1916, na mwaka uliofuata wakaanza kupanda ndani kwa njia hiyo, wakifuata bonde la Lukuledi. Kuanzia tarehe 15 hadi 18 Oktoba 1917, pale Mahiwa, jirani kabisa na Nyangao, wakagongana na kikosi cha Paul von Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani. Wanigeria walikuwepo, Wahindi walikuwepo, Keya (askari wa King's African Rifles) walikuwepo. Inakadiriwa upande wa Waingereza uliingiza watu karibu 5,000 na kupoteza karibu 2,700, waliokufa na waliojeruhiwa. Wajerumani walikuwa kama 1,500, wakapoteza wasiopungua 500. Kwa askari wa pande zote mbili, wengi wao walikuwa Waafrika. Novemba Lettow-Vorbeck akavuka Ruvuma kuingia Msumbiji.

Hizo ni hesabu za askari. Nyuma ya kila askari kulikuwa na wapagazi, wengi kuliko askari, kwa sababu mbung'o waliua wanyama wa kubeba na magari hayakuwa na barabara. Mtu alibeba kilo 20 hadi 30. Na mtu huyo naye anakula. Kadiri njia inavyorefuka ndivyo unga anaoubeba unavyoishia tumboni mwake na mwa wenzake, hivyo wanatafutwa wapagazi wengine wa kubeba chakula cha wapagazi. Kwa upande wa Waingereza peke yake wapagazi wapatao 95,000 walikufa katika vita hivyo. Risasi iliua wachache. Kuhara, malaria, homa ya mapafu na njaa ndivyo viliwamaliza.

Sanamu ya Askari pale Dar es Salaam, iliyosimamishwa mwaka 1927, ina maandishi ya Kiswahili yanayowataja wapagazi kuwa mikono na miguu ya jeshi. Juu ya nguzo, lakini, amesimama askari na bunduki yake. Aprili 2021 Tume ya Jumuiya ya Madola ya Makaburi ya Vita ilikiri kwenye ripoti yake na kuomba radhi kwamba watu wasiopungua 116,000, na huenda mpaka 350,000, wengi wao wa Afrika Mashariki na Misri, hawakukumbukwa kwa majina, na huenda hawakukumbukwa kabisa.

Nikaisoma takwimu hiyo huku yule mtu wa kwenye skrini ananitazama.

## Umri wake

Jibu, kama ni jibu, lilinijia nikiwa kwenye bodaboda narudi sokoni.

Nilikuwa nikimfikiria yule mtu kama mwanakijiji wa mwaka 1914, kwa sababu ndivyo filamu inavyosema. Lakini yeye hakupigwa picha mwaka 1914. Alipigwa 1951. Kijana aliyekuwa na miaka 18 mwaka wa Mahiwa, mwaka 1951 alikuwa na 52. Yule aliyenyooshewa kidole na mjomba ni mtu mzima wa umri huo huo. Na filamu ilipigwa Uganda na Kongo, nchi ambazo zilitoa wapagazi kwa maelfu katika vita ile ile.

Huenda aliwahi kubeba.

Huenda alisimama mbele ya kamera, akaambiwa aigize kuogopa askari wa Mjerumani, na wala hakuhitaji kuelekezwa. Huenda wenzake wawili watatu nao walikuwa hivyo, wakatazamana baada ya picha kukatwa, wakaambiana jambo kwa lugha yao ambayo hakuna mtu wa filamu aliyeielewa. Siwezi kuthibitisha hata chembe ya hili, na sitalidai kama historia. Lakini tangu liliponijia siwezi tena kumwita "mwanakijiji tu".

Familia yetu ina jina la babu yake mjomba na haina picha yake hata moja. Filamu ina sura ya yule mtu na haina jina lake. Kwa miaka yote ile ya kanda za deki hata sura haikuwepo. Waliolipa gharama ya kuikarabati walitaka tumwone Bogart vizuri, na tumemwona. Huyu mwingine ametoka pamoja naye, kwa sababu mikanda mitatu ikishakaa sawa inakaa sawa kwa wote walio mbele ya lenzi.

Nimeanza kuzirudia filamu nyingine za vita kwa jicho hilo. Naangalia nani amebeba sanduku, nani anachota maji, nani anapita nyuma ya jenerali akiwa ameinamisha kichwa. Mke wangu ananiambia namharibia filamu. Inawezekana.

## Ianzie wapi

Siku hizi mjomba akipiga simu, baada ya shikamoo na marahaba, tunaingia moja kwa moja kwenye mada. Ameamua kwamba filamu ya Mahiwa lazima itengenezwe, na vijana wetu wa Bongo Muvi wana kamera zinazoiweza. Simbishii. Kamera ya mkononi ya leo inapiga 4K bila mikanda mitatu wala kioo cha kugawa mwanga.

Tunachogombania ni mwanzo wake.

Yeye anataka ianzie Nyangao, alfajiri, mlango unagongwa, mtu anachukuliwa akiwa hajavaa vizuri. Anasema mtazamaji amwone kwanza akiwa na nyumba yake, mke wake, shamba lake la mtama, ndipo apewe mzigo.

Mimi nataka ianzie hapa Lindi, ufukweni, magunia yanashushwa. Gunia moja. Kamera ilifuate hilo gunia kutoka kichwa cha kwanza hadi cha pili, cha pili hadi cha tatu, likipungua kila kituo kwa sababu wanaolibeba wanalila, mpaka linafika Mahiwa limebaki vibaba vichache na hakuna hata mmoja wa wale walioanza nalo.

"Hiyo yako itakuwa filamu ya gunia, mpwa wangu," ananiambia. "Watu hawataki kumlilia gunia."

Namwambia wataona vichwa vyote vilivyo chini yake, kimoja kimoja, kwa ukaribu ule ule Bogart aliopewa kwenye ruba.

"Na majina?"

Kila kichwa na jina lake, mjomba.

"Basi andika la babu liwe la kwanza. Halafu tuendelee kubishana."